Wiki Moja Lisbon kwa Anayesafiri Peke Yake

Lisbon, mji mkuu wa Ureno, umejengwa juu ya vilima kwenye ukingo wa kaskazini wa mto Tejo, karibu na mto huo unapoingia Bahari ya Atlantiki. Kwa mtu wa Afrika Mashariki mji huu si mgeni kabisa. Hapo ndipo Vasco da Gama alipong'oa nanga Julai 1497, katika safari iliyomfikisha Mombasa na Malindi mwezi Aprili 1498. Kilichofuata ni karne mbili za vita, ushuru na biashara katika pwani ya Waswahili, hadi Waomani walipoiteka Fort Jesus mwaka 1698.

Wiki moja inatosha kuuona mji huu vizuri, ilimradi viza, malazi na tiketi za majumba yanayoingiwa kwa saa maalumu viwe vimekamilika kabla ya kuondoka, na siku zigawanywe kwa mitaa badala ya orodha ndefu ya vivutio.

Msimu na safari ya ndege

Aprili na Mei, kisha Septemba na Oktoba, ndiyo miezi mizuri zaidi: jua lipo, joto halisumbui, na bei za vyumba hazijafikia kilele. Julai na Agosti ni ukame, joto na msongamano. Novemba hadi Februari mvua hunyesha mara kwa mara, na nyumba nyingi za zamani hazina vipasha joto vya maana, kwa hiyo sweta huvaliwa hata ndani. Usiku wa kuamkia 13 Juni mji husherehekea siku ya Mtakatifu Antonio, dagaa wakubwa wakichomwa vichochoroni. Anayetaka kuiona sherehe hiyo huweka chumba miezi kadhaa mapema.

Hakuna ndege ya moja kwa moja kutoka Nairobi wala Dar es Salaam. Wengi hupitia Istanbul, Dubai, Paris au Amsterdam. Saa za Lisbon ziko nyuma ya za Afrika Mashariki kwa saa tatu majira ya baridi na saa mbili majira ya joto, kwa hiyo mwili hauchukui muda kuzoea.

Viza

Ureno imo katika eneo la Schengen, na raia wa nchi za Afrika Mashariki huhitaji viza ya muda mfupi. Ombi halipokelewi zaidi ya miezi 6 kabla ya safari, wala halipaswi kuchelewa hadi zibaki chini ya siku 15. Jibu hutolewa kwa kawaida ndani ya siku 15, lakini uchunguzi unaweza kufika siku 45, na nafasi ya kuonana na mpokea maombi nayo huweza kuchukua wiki kadhaa. Miezi mitatu ya maandalizi si mingi.

Ada ya mtu mzima ni euro 90, na hairudishwi ombi likikataliwa. Pasipoti iwe imetolewa ndani ya miaka 10 iliyopita, ibaki hai kwa miezi mitatu baada ya tarehe ya kutoka Schengen, na iwe na kurasa mbili tupu. Bima ya safari inatakiwa kufidia matibabu ya angalau euro 30,000. Anayesafiri peke yake huangaliwa zaidi kuhusu sababu za kurudi nyumbani, kwa hiyo barua ya mwajiri inayotaja tarehe za likizo, leseni ya biashara, au taarifa za benki za miezi ya karibuni zina uzito kuliko maelezo marefu. Busara ni kuweka chumba kinachoweza kufutwa bila gharama, na kutolipia tiketi ya ndege isiyorudishwa kabla ya viza kugongwa.

Mahali pa kulala

Hoteli hutoza chumba, si kichwa, na hiyo ndiyo hasara kubwa ya kusafiri peke yako. Kitanda katika hosteli hupunguza gharama hiyo, na hosteli nyingi za Lisbon zina vyumba vya wanawake pekee. Baixa na Chiado ni katikati ya mji na treni ya chini ya ardhi iko mlangoni, lakini bei ni kali. Alfama hupendeza machoni, ila ngazi zake ni nyingi na teksi haziwezi kuingia kila kichochoro. Mwenye sanduku zito ataijutia. Arroios na Saldanha ni mitaa ya wakazi wa kawaida, yenye bei nafuu na vituo vya metro. Juu ya bei ya chumba mji hutoza kodi ya wageni ya euro 4 kwa usiku, kwa siku zisizozidi 7, yaani euro 28 kwa wiki nzima.

Mgawanyo wa siku

Uwanja wa ndege umo ndani ya mji, na metro ya njia nyekundu huanzia hapo hapo. Siku ya kufika inafaa Baixa, kwa kuwa ni tambarare. Asubuhi ya 1 Novemba 1755 tetemeko la ardhi, mawimbi ya bahari na moto viliuangamiza mtaa huu. Waziri aliyekuja kuitwa Marquês de Pombal aliujenga upya kwa barabara zilizonyooka, na ndani ya kuta za nyumba mafundi waliweka fremu za mbao zinazoyumba bila kuvunjika. Husimuliwa kwamba askari walitembezwa kwa kishindo kuuzunguka mfano wa fremu hiyo ili kuupima. Juu kidogo, kanisa la Carmo liliachwa bila paa hadi leo.

Siku ya pili ni ya Alfama, mtaa ambao sehemu kubwa yake ilinusurika. Ngome ya São Jorge ilikuwa ya Waislamu hadi mfalme Afonso Henriques alipouteka mji mwaka 1147, na kanisa kuu la Sé lilianza kujengwa baada ya ushindi huo. Ni vyema kuanzia ngomeni asubuhi na kuteremka polepole hadi mtoni.

Siku ya tatu ni Belém, kwa treni kutoka Cais do Sodré au tramu namba 15. Monasteri ya Jerónimos ilianza kujengwa wakati wa mfalme Manuel I, mapema karne ya 16, na ndani ya kanisa lake makaburi ya Vasco da Gama na mshairi Camões yametenganishwa na njia ya kuingilia. Mnara wa Belém ulifungwa mwaka 2025 kwa ukarabati, na majumba mengine kadhaa ya taifa yamo katika kazi za namna hiyo, kwa hiyo tarehe za kufungwa zithibitishwe kabla ya kununua tiketi.

Siku ya nne iachiwe makumbusho. Katika hazina ya Museu Nacional de Arte Antiga kuna chombo cha ibada cha dhahabu na enameli kiitwacho Custódia ya Belém, kilichokamilishwa mwaka 1506 na kuhusishwa na sonara Gil Vicente. Mitume 12 wamepiga magoti kukizunguka, kila mmoja na uso wake. Dhahabu yake ni ya Kilwa: Vasco da Gama alimlazimisha sultani Ibrahim kulipa ushuru mwaka 1502, akaufikisha Lisbon mwaka uliofuata. Maandishi yaliyo kwenye kitako cha chombo yanataja asili hiyo waziwazi. Upande wa pili wa mji, makumbusho ya vigae yana picha ndefu ya takriban mita 23 inayoonyesha Lisbon kabla ya tetemeko.

Siku ya tano ni Sintra, mji wa majumba ya kifalme milimani, kwa treni ya dakika kama 40 kutoka kituo cha Rossio. Jumba la Pena huingiwa kwa saa iliyoandikwa kwenye tiketi, na aliyechelewa huweza kuzuiwa. Makumbusho mengi ya Lisbon hufungwa Jumatatu, kwa hiyo Jumatatu inafaa kuwa siku ya Sintra, au ya Cascais iliyoko ufukweni.

Siku mbili za mwisho zisijazwe. Mouraria na Martim Moniz zina maduka na mikahawa ya Wabangladeshi, na huko chakula cha halali hupatikana kwa urahisi; Msikiti Mkuu wa Lisbon, uliofunguliwa mwaka 1985, uko karibu na Praça de Espanha. Barabara ya Poço dos Negros nayo ina historia yake: mwaka 1515 Manuel I aliamuru lichimbwe shimo la kuzikia watumwa waliokuwa wakitupwa ovyo baada ya kufa.

Mezani, mfukoni na barabarani

Chakula cha mchana cha siku, prato do dia, hutosheleza na ni nafuu kuliko cha jioni. Mkate, zeituni na jibini vinavyowekwa mezani bila kuagizwa hulipiwa vikiliwa, asiyevitaka huvirudisha. Nyama ya nguruwe huingia hata katika supu ya caldo verde, hivyo asiyekula aulize kwanza. Samaki wa kuchoma na chewa mkavu, bacalhau, hupatikana karibu kila mahali.

Mashine za Multibanco za benki za Ureno ndizo bora kwa kutoa fedha. Mashine ikiuliza kama hesabu ifanywe kwa shilingi au euro, jibu ni euro, kwa sababu kiwango cha shilingi hupangwa na mwenye mashine. Soketi za umeme ni za pini mbili za duara, kwa hiyo adapta ni lazima.

Lisbon ni mji tulivu, lakini tramu namba 28 ni maarufu kwa vibaka wa mifukoni. Pasipoti hubaki malazini na nakala yake hutembezwa. Wanaonong'ona kuuza dawa za kulevya mitaani Baixa hawastahili jibu. Namba ya dharura ni 112. Mawe meupe ya njia za miguu huteleza sana yakilowa, kwa hiyo viatu vyenye soli inayoshika ni muhimu kuliko koti. Jamaa mmoja nyumbani apewe ratiba, anwani ya malazi na nakala ya bima.

Anayelazimika kupunguza siku aanze na Cascais, kisha Sintra. Alfama, Belém na jumba lenye dhahabu ya Kilwa ndiyo mambo ya mwisho kuondolewa katika ratiba.