Mwenyeji, Mgeni na Kura

Leo nataka kuzungumza nanyi juu ya swali ambalo huulizwa sana vijijini kila ufikapo wakati wa uchaguzi: Ni nani mwenye haki ya kupiga kura, na ni nani asiye nayo? Wengi hudhani jibu lake ni jepesi. Mmoja husema, "Apige kura kila aliyezaliwa hapa." Wa pili husema, "Apige kura kila alipaye kodi." Wa tatu husema, "Mtoto wetu aliye ng'ambo ni wetu, naye apige." Maneno yote matatu yana ukweli ndani yake, lakini hata moja si sheria.

Nitalieleza jambo hili kwa mifano ya huku kwetu Tabora, maana nchi ya Unyamwezi imepokea wageni wengi, nayo imetoa wasafiri wengi.

Njia ya misafara

Hapo kale, kabla ya reli kufika Tabora mwaka 1912, njia kubwa ya biashara ilitoka Bagamoyo, ikapita Ugogo, ikafika Unyanyembe, yaani Tabora, kisha ikaendelea magharibi hata Ujiji kwenye Ziwa Tanganyika. Kwa njia hiyo walikuja Waarabu wa Omani, Wabaluchi, Waswahili wa pwani, na Wamanyema kutoka nchi ya Kongo. Wengi hawakurudi makwao. Walijenga, walioa, walizaa, na wajukuu wao wako Tabora na Ujiji mpaka leo.

Wanyamwezi nao hawakukaa wakiwangoja wageni tu. Walikuwa wapagazi mashuhuri, wakichukua pembe mpaka pwani, na wengine walibaki huko. Tena wako waliokwenda mbali upande wa kusini-magharibi. Msiri, mtu wa huku, alikwenda Katanga akafanya ufalme wake Bunkeya, akatawala hata alipouawa mwaka 1891. Watu wake huitwa Wayeke, nao leo ni watu wa Kongo.

Basi tazameni. Mjukuu wa Mmanyema aliyezaliwa Tabora aweza kuwa raia wa Tanzania, na mjukuu wa Mnyamwezi aliyezaliwa Bunkeya aweza kuwa raia wa Kongo. Mtu akitaka kumtambua raia kwa jina, kwa sura au kwa kabila, katika nchi iliyopitwa na njia kubwa namna hii, hana budi kukosea. Kwa hiyo sheria hutazama kitu kingine, nacho ni uraia wenyewe.

Kura za kwanza

Mambo hayakuwa hivyo tangu mwanzo. Wakati wa utawala wa Waingereza hapakuwa na uraia wa Tanganyika. Uchaguzi wa kwanza wa Baraza la Kutunga Sheria ulifanywa kwa sehemu mbili, mwaka 1958 na mwaka 1959. Mpiga kura alitakiwa awe na umri wa miaka 21, awe amekaa nchini miaka mitatu katika mitano iliyotangulia, na zaidi ya hayo awe na mapato ya shilingi 3,000 kwa mwaka, au awe amesoma mpaka darasa la nane, au awe na cheo fulani kilichotajwa na sheria. Tena kila mpiga kura alilazimishwa kuwachagua watu watatu: Mwafrika mmoja, Mzungu mmoja na Mwasia mmoja. Asiyefanya hivyo, kura yake iliharibika.

Fikirini maana yake. Mkulima aliyezaliwa Unyanyembe, ambaye baba yake na babu yake walizikwa pale pale, kama hakusoma wala hakuwa na fedha hizo, hakupiga kura. Mfanyabiashara aliyezaliwa Bombay, au mtumishi aliyezaliwa London, akitimiza masharti, alipiga. Katika nchi iliyokuwa na watu zaidi ya milioni nane, waandikishwa walikuwa karibu 60,000 tu.

Mwezi wa Januari 1958 wajumbe wa TANU walikutana hapa Tabora kushauriana kama wauingie uchaguzi huo au waukatae. Wengi walikuwa na uchungu. Mwalimu Julius Nyerere, aliyepata kusoma na kufundisha Tabora, aliwashauri waingie, ili sheria mbaya ipate kubadilishwa na watu walio ndani ya Baraza. Wajumbe walikubali, na neno lao likaitwa Uamuzi wa Busara. Bwana Zuberi Mtemvu hakuridhika, akatoka akaanzisha chama chake mwenyewe. Katika uchaguzi wa mwaka 1960 masharti yalilegezwa, hata aliyejua kusoma na kuandika Kiswahili aliweza kuandikishwa, na waandikishwa wakafika kama 885,000. Katika uchaguzi wa Rais wa mwaka 1962 masharti ya kisomo na mapato hayakuwapo tena.

Uraia wazaliwa

Uhuru ulipokaribia, swali liligeuka. Sasa ilibidi kusema ni nani raia. Mwezi wa Oktoba 1961 wabunge walishindana sana. Wako waliotaka uraia uwe wa Waafrika peke yao. Mwalimu Nyerere alikataa kata kata uraia wa rangi ya ngozi, na wazo lake likashinda. Sheria ikasema kwamba mtu aliyezaliwa Tanganyika, ambaye mzazi wake mmoja naye alizaliwa Tanganyika, atakuwa raia tangu siku ya Uhuru, 9 Desemba 1961. Wengine waliokuwa na uhusiano na nchi hii walipewa miaka miwili ya kuomba kuandikishwa.

Hapo ndipo Mwarabu wa Tabora, Mhindi wa dukani na Mmanyema wa Ujiji walipoacha kuulizwa kabila, wakaulizwa uraia. Mlango ukafunguliwa kwa watu wa kila rangi, lakini ukawa na mlinzi wake, na mlinzi huyo ni ushahidi.

Habari ya Ulyankulu

Mfano ulio wazi kuliko yote uko upande wa kaskazini-magharibi ya mji wa Tabora, mahali paitwapo Ulyankulu. Mwaka 1972 watu wengi walikimbia mauaji nchini Burundi wakaja Tanzania. Serikali iliwapa ardhi katika makazi ya Ulyankulu, Katumba na Mishamo. Walifyeka pori, wakalima, wakauza mazao yao, watoto wao wakasoma Kiswahili shuleni. Methali yetu yasema, mgeni siku mbili, siku ya tatu mpe jembe. Watu hawa walilishika jembe zaidi ya miaka thelathini. Lakini jembe si kura. Hata watoto waliozaliwa Ulyankulu, wasioijua Burundi kwa macho, walihesabiwa wakimbizi pamoja na wazazi wao. Siku ya uchaguzi jirani zao wa vijiji vya kando walikwenda kituoni, wao wakabaki nyumbani.

Kuanzia mwaka 2007 Serikali ilianza mpango wa kuwauliza kama wataka kurudi Burundi au kuwa raia wa Tanzania. Wengi waliomba kubaki, nao ilibidi waukane uraia wa Burundi. Kufika mwaka 2010 maombi ya watu zaidi ya 160,000 yalikuwa yamekubaliwa. Lakini hati zao zilikawia, kwa kuwa kwanza walitakiwa wayahame makazi hayo waende mikoa mingine. Ikawa wamekubaliwa, na mkononi hawana karatasi. Si wakimbizi kamili wala si raia kamili. Hati zilianza kutolewa mwezi wa Oktoba 2014, ikiwa imepita miaka mia moja tangu reli ifike Kigoma. Na tarehe 25 Oktoba 2015 wengi wao walipiga kura mara ya kwanza katika maisha yao. Mwaka huo huo Ulyankulu ikawa jimbo la uchaguzi lenye mbunge wake.

Mtu yule yule, shamba lile lile, lugha ile ile. Kilichobadilika ni hati moja. Ndiyo maana nasema haki ya kura haifuati miaka ya kukaa wala jasho la shamba. Yafuata uraia, na uraia wataka kuthibitishwa.

Sheria ya sasa

Ibara ya 5 ya Katiba ya Jamhuri ya Muungano ya mwaka 1977 yasema kwamba kila raia wa Tanzania aliyetimiza umri wa miaka 18 ana haki ya kupiga kura. Hapana neno la mapato, wala la kisomo, wala la kabila, wala la mume au mke. Lakini Ibara hiyo yaruhusu Bunge kuweka sheria ya kumzuia mtu kwa sababu nne. Kwanza, kuwa na uraia wa nchi nyingine. Pili, kuwa na ugonjwa wa akili. Tatu, kutiwa hatiani kwa makosa fulani ya jinai. Nne, kushindwa kuthibitisha umri wake, uraia wake au kuandikishwa kwake. Iangalieni sana hii ya nne. Mtu aweza kuwa na haki, akaikosa kwa kukosa ushahidi.

Raia wa tajinisi, yaani aliyeomba uraia akapewa, kura yake ina uzito ule ule wa kura ya raia wa kuzaliwa. Lakini hawezi kugombea Urais, maana Katiba yataka Rais awe raia wa kuzaliwa.

Ama mgeni asiye raia, hata akiwa na kibali cha kukaa, akilipa kodi na kuoa hapa, hapigi kura. Msidhani ni hivyo kila nchi. Malawi, jirani zetu, humruhusu asiye raia aliyekaa nchini miaka saba. Uingereza humruhusu raia wa nchi ya Jumuiya ya Madola akaaye kule kihalali. Kwa hiyo kijana wa Tabora anayekaa London kwa ruhusa aweza kuandikishwa na kumchagua mbunge wa Uingereza.

Walio ng'ambo

Je, kijana huyo aweza kumchagua Rais wa Tanzania akiwa kule kule London? Hawezi. Kama hajachukua uraia mwingine, yeye bado ni raia, na haki yake haikufa. Lakini kuandikishwa na kupiga kura hufanyika hapa nchini, katika kituo cha mahali mtu akaapo. Balozini hapana sanduku la kura. Hana budi kurudi aandikishwe, na siku ya kura awepo.

Wenzetu wa Kenya wamefanya njia nyingine. Mwaka 2013 Wakenya walioandikishwa hapa Tanzania walimpigia kura Rais wao papa hapa. Tena Katiba yao ya mwaka 2010 yaruhusu uraia wa nchi mbili.

Sheria yetu ya Uraia ya mwaka 1995 hairuhusu hivyo kwa mtu mzima. Mtanzania aliyetimiza miaka 18, akichukua kwa hiari yake uraia wa nchi nyingine, hupoteza uraia wa Tanzania, na kura yake huondoka pamoja nao. Mwaka 2024 Bunge lilipitisha mabadiliko ya sheria yanayowapa hadhi maalumu watu wenye asili ya Tanzania walio raia wa nchi nyingine. Hadhi hiyo yahusu kuingia nchini, kukaa na mambo ya ardhi. Haimrudishii mtu kura.

Mambo ya kufanya

Sasa nawaambia maneno machache ya matumizi. La kwanza: tunzeni hati. Cheti cha kuzaliwa cha mtoto, na hati ya tajinisi ya mzazi, zisiachwe kuliwa na mchwa. Karatasi hiyo itamtetea mjukuu wako siku ambayo wewe hupo kumshuhudia.

La pili: jiandikishe mwenyewe, mahali pamoja tu, maana kujiandikisha mara mbili ni kosa. Atakayetimiza miaka 18 kufika siku ya uchaguzi aweza kuandikishwa kabla. Tena jueni kwamba orodha ya uchaguzi wa kijiji na mtaa ni nyingine, na Daftari la Kudumu la Wapiga Kura ni jingine. Aliyeandikwa katika ile asidhani amekwisha kuandikwa katika hili.

La tatu: orodha ya muda ibandikwapo hadharani, nenda ukaisome. Hapo mtu aweza kuweka pingamizi juu ya jina la mwingine, na aliyewekewa pingamizi aweza kujitetea. Njia hii imewekwa ili Daftari liwe safi. Haikuwekwa ili mtu alipize kisasi cha mpaka wa shamba kwa kumwita jirani yake Mrundi au Mmanga. Anayejua kwa hakika kwamba fulani si raia, aseme kwa ushahidi. Asiyejua, anyamaze. Kumnyang'anya raia kura yake kwa uvumi si kosa dogo kuliko kumpa mgeni kura isiyo yake.

Basi, ndugu zangu, wazee wetu waliopita njia ya Ujiji walijuana kwa makabila na kwa mizigo waliyochukua. Sisi tumepewa jina moja, raia, nalo latutosha sote. Kila mmoja na atazame nyumbani kwake leo, kama karatasi za jina hilo zipo na zi salama. Kwaherini.