Je, Wajua? Kitabu cha Tarakimu Kilichotabiri Safari ya Zebaki

Je, wajua kwamba mwaka 1631 sayari ya Zebaki ilionekana ikikatiza mbele ya Jua, siku ileile iliyokuwa imekokotolewa na mtu aliyekwisha kufa?

Mtu huyo ni Johannes Kepler. Mwaka 1627, katika mji wa Ulm, Ujerumani, alichapisha Majedwali ya Rudolf, ambayo yalimwezesha msomaji kukokotoa sayari itakuwa wapi angani siku yoyote aitakayo. Msingi wake ulikuwa vipimo vya Tycho Brahe, Mdenmark aliyeipima anga kwa takriban miaka 20 kwenye kisiwa cha Hven. Darubini ilikuwa bado haijaanza kutumika. Tycho alitegemea macho yake na vyombo vikubwa vya kupimia pembe.

Usahihi wa vipimo hivyo ndio uliobadili elimu ya nyota. Kepler alipojaribu kuipa Mirihi njia ya duara, hesabu yake ilipishana na vipimo vya Tycho kwa dakika 8 za pembe, karibu robo ya upana wa mwezi mpevu. Wengi wangepuuza. Yeye alianza upya, akagundua kuwa njia hiyo ni duaradufu.

Kepler alifariki Novemba 1630. Tarehe 7 Novemba 1631, mjini Paris, Pierre Gassendi aliupitisha mwanga wa Jua kwenye darubini hadi juu ya karatasi, ndani ya chumba chenye giza. Doa aliloliona lilikuwa dogo mno, akalidhani ni doa la kawaida la Jua, mpaka alipoona jinsi lilivyokwenda kasi.