Bingwa wa Kanada aliyetoka Marekani, kisha akafukuzwa na soko

MFANYABIASHARA anayevuka mpaka anajua kwamba bidhaa bora pekee haitoshi. Msimu wa 1995 wa Baltimore Stallions ni ushahidi.

Timu hiyo ya Marekani ilicheza CFL, ligi ya futiboli ya Kanada. Mchezo huo unafanana na wa Marekani wa mpira wenye umbo la yai, ila una wachezaji 12 badala ya 11 kila upande, na uwanja wa yadi 110 badala ya 100. Klabu za Kanada zilikuwa na shida ya fedha, hivyo kuanzia 1993 ligi ikafungua milango kwa miji ya Marekani, ambayo ililipa ada ya kujiunga.

Baltimore ilikuwa na kiu ya futiboli. Mwaka 1984 timu yake ya NFL, ligi kubwa ya Marekani, ilifungasha virago usiku na kuhamia Indianapolis. Jim Speros alipoanzisha timu ya CFL mwaka 1994, alitaka kuiita Colts kama ile iliyoondoka. NFL ilikwenda mahakamani na kulizuia jina hilo. Timu ikacheza msimu mzima bila jina la utani, ikafika fainali na kufungwa 26-23 na BC Lions kwa teke la mwisho.

Mwaka uliofuata ilirudi kwa jina la Stallions. Chini ya kocha Don Matthews, Tracy Ham akipanga mashambulizi na Mike Pringle akikimbia na mpira, ilishinda michezo 15 kati ya 18. Hata hivyo, mizani haikuwa sawa: klabu za Kanada zililazimika kuwa na idadi maalumu ya wachezaji wazawa, za Marekani hazikubanwa na sharti hilo.

Novemba 6, 1995, kabla ya fainali, Art Modell alitangaza kuihamishia Baltimore timu yake ya NFL, Cleveland Browns. Mwenye mtaji mkubwa alikuwa anaingia sokoni. Novemba 19, mjini Regina, Stallions waliifunga Calgary Stampeders 37-20 na kutwaa Grey Cup, kombe linaloshindaniwa tangu 1909. Hakuna timu nyingine ya Marekani iliyowahi kulibeba.

Ushindi haukuiokoa. Speros aliona hawezi kushindana na NFL mji mmoja, akahamia Montreal. Mwaka 1996 timu ilianza kucheza huko kwa jina la Alouettes, Ham akiwa miongoni mwa waliohama. Klabu nyingine za Marekani zilifungwa, na CFL ikabaki ya Kanada peke yake.

Stallions walijaza pengo lililoachwa na mkubwa. Aliporudi, kombe halikuwa kinga. Alouettes, waliopata makao ambako NFL haikuwapo, wanacheza hadi leo, na mwaka 2023 walitwaa Grey Cup.