Je, Wajua? Ojwang' Hakuwa Mjaluo

Mzee Ojwang' wa Vitimbi, kile kipindi cha vichekesho cha runinga ya Kenya, yule mwenye lafudhi nzito ya Kijaluo, alikuwa Mkikuyu! Jina lake halisi ni Benson Wanjau. Ungemsikia ungeapa amekulia Kisumu, mtaani Kondele au ufuoni Dunga. Lafudhi hiyo humeza “sh”: shamba huwa samba, shida huwa sida. Ongeza miwani na kofia, Kenya nzima inacheka.

Mama Kayai, “mkewe”, ni Mary Khavere. Wengi waliamini ni mume na mke kwelikweli. Wapi!

Uzeeni macho yalimsumbua, Wakenya wakamchangia matibabu. Alifariki Julai 2015.

Na Kisumu yenyewe? Imemtoa Eric Omondi, mchekeshaji aliyevuma kupitia kipindi cha Churchill Live.