Sauti ikikatika kwenye gemu, tuanze kutafuta wapi?

Nyumba yenye vijana wanaocheza gemu za mtandaoni haikosi kilio hiki: "Mimi namsikia, yeye hanisikii!" Au kinyume chake. Au sauti inakuja vipande vipande, kama mtu anaongea kichwa kikiwa ndani ya mtungi. Hapa Jacobs, kusini ya mji wa Durban, ninapokaa kwa mwanangu, kilio hicho tunakisikia zaidi Jumamosi. Sababu ni nyepesi. Oman mapumziko ya wiki ni Ijumaa na Jumamosi. Imarati, tangu Januari 2022, serikali na skuli nyingi zinapumzika Jumamosi na Jumapili, Ijumaa ni nusu siku. Afrika Kusini ni Jumamosi na Jumapili. Kwa hiyo mjukuu wangu wa Jacobs, mwenzake wa Seeb na yule wa Dubai wana siku moja tu ya kukutana, na wanakutana ndani ya gemu.

Najua baadhi ya wazee wenzangu watasema: gemu ikinyamaza si afadhali, tupate utulivu? Mimi nasema tusiharakishe. Wa Jacobs anasoma kwa Kiingereza na barabarani anasikia Kizulu. Wa Seeb skuli ni Kiarabu. Wa Dubai Kiingereza tangu chekechea. Wakiandikiana ujumbe, ni Kiingereza kilichokatwakatwa. Lakini wakiwashiana maikrofoni kinatoka Kiswahili: "Njoo huku! Wako nyuma ya ukuta! Usiniache bwana!" Ndiyo lugha waliyoisikia wote kwa bibi yao. Sauti ikikatika, nayo inakatika.

Na mtaa huu wetu una somo lake. Kutoka Jacobs si mbali kufika King's Rest, upande wa Bluff. Huko ndiko walikokaa watu wanaoitwa Wazanzibari wa Durban, waliokombolewa kutoka majahazi ya watumwa na kuletwa hapa na meli za Waingereza kuanzia mwaka 1873. Wengi wao asili yao ni Wamakua wa kaskazini ya Msumbiji, ingawa jina la Zanzibar ndilo lililowaganda. Mwanzoni mwa miaka ya 1960 sheria ya ubaguzi iliwahamisha kwenda Chatsworth. Dini yao walihama nayo, na lugha yao ilibaki kwa kusemwa majumbani, mkubwa kwa mdogo. Vijana wetu leo wametawanyika mbali zaidi kuliko King's Rest na Chatsworth, na mdomo wao ni hii maikrofoni.

Basi tuitengeneze. Nilifundisha fizikia miaka mingi katika sekondari ya misheni, na taa ya maabara ilipokataa kuwaka wanafunzi walitaka kubadilisha kila kitu kwa mpigo. Nikiwaambia: anza kwenye betri, fuata waya, badilisha kitu kimoja, jaribu, halafu ndiyo uende kingine. Sauti ya gemu ni hivyo hivyo. Inatoka mdomoni, inapita kwenye maikrofoni, simu, gemu, ruta ya nyumbani, waya wa baharini, sheria ya nchi, mpaka sikioni kwa mwenzake. Tufuate njia hiyo.

Kwanza uliza: nani hasikiki?

Kabla hujagusa kitu, waulize vijana swali moja. Kama mmoja hasikiki na wote, kasoro iko kwake. Kama mmoja hawasikii wote, kasoro iko kwake pia, lakini upande wa spika. Kama wote wanakatika pamoja, tatizo ni gemu yenyewe au mtandao, na hakuna haja ya kuvuruga simu ya mtu.

Mwangwi nao una hila yake. Mtoto akilalamika kuwa anasikia sauti yake mwenyewe ikirudi, mkosa si yeye. Ni mwenzake, ambaye spika yake iko juu na maikrofoni yake iko wazi, inaokota kila kinachotoka. Huyo mwenzake avae hedifoni, mwangwi unaondoka hapo hapo.

Maikrofoni na ruhusa

Jaribio la kwanza halihitaji intaneti. Fungua kinasa sauti cha simu, sema maneno mawili, sikiliza. Ukijisikia vizuri, maikrofoni ni nzima na usikubali kushawishiwa kununua nyingine. Sisi duka moja lilitaka kutuuzia hedifoni ya bei kubwa, wakati iliyokuwepo haikuwa na ubovu wowote.

Kama hedifoni ni ya waya, tazama ncha yake. Ile mistari myeusi inayozunguka chuma, ihesabu. Miwili maana yake ni ya kusikilizia tu, haina njia ya maikrofoni. Mitatu maana yake ina maikrofoni. Nimeona familia zinahangaika usiku mzima na hedifoni ambayo haikuumbwa kusema.

Ya Bluetooth ina tabia nyingine. Maikrofoni yake ikiwashwa, mara nyingi sauti yote inashuka ubora na kuwa kama ya simu ya zamani. Haijaharibika, ndivyo inavyofanya kazi. Anayetaka sauti safi atumie ya waya.

Kisha nenda kwenye mipangilio ya simu, tafuta jina la gemu, angalia ruhusa ya maikrofoni. Mtoto siku ya kwanza aliulizwa "unaruhusu?" akabonyeza hapana kwa haraka ya kuingia mchezoni. Tangu siku hiyo gemu ni bubu. Na kumbuka maikrofoni ya simu haipendi mabwana wawili: akiwa kwenye simu ya WhatsApp huku anataka kusema ndani ya gemu, moja itanyimwa.

Ndani ya gemu, na suala la umri

Gemu nyingi zina njia mbili za sauti: ya timu yako, na ya kila aliye karibu. Kijana mmoja akiwa kwenye hii na mwenzake kwenye ile, hawatasikilizana hata wakiwa chumba kimoja. Angalia pia kama imewekwa "bonyeza ndipo useme", na kama kuna aliyemnyamazisha mwenzake wakati wa ugomvi wa wiki iliyopita akasahau. Hili la mwisho kwetu ni la kawaida kuliko hitilafu zote.

Wenye PlayStation au Xbox watazame pia kipimo kinachoitwa aina ya NAT, kwenye mipangilio ya mtandao. Ikiwa kali, mashine inaingia mtandaoni lakini inashindwa kuunganishwa na wenzake kwa sauti. Ruta mbili nyumba moja, moja nyuma ya nyingine, mara nyingi ndiyo chanzo.

Halafu umri. Tangu Desemba 2022, Fortnite inawafungia watoto walio chini ya miaka 13 sauti mpaka mzazi athibitishe. Roblox nayo sauti yake ni ya miaka 13 na kuendelea, na umri lazima uthibitishwe. Kwa hiyo wakati mwingine kinachoitwa kasoro ni kufuli lililowekwa makusudi. Usimruhusu mtoto alivunje kwa kuandika umri wa uongo. Kaa naye, fungua akaunti ya mzazi, amua wewe.

Nyumbani: ruta na umeme

Watu wanadhani sauti inakatika kwa sababu intaneti haina kasi. Sauti ni kitu kidogo sana. Discord kwa kawaida inatumia kilobiti 64 kwa sekunde, na laini ya megabiti 25 ingebeba sauti kama hizo mia kadhaa. Sauti inataka utulivu. Vipande vyake lazima vifike kwa mpangilio na kwa wakati. Kikichelewa kimoja kinatupwa, na ndipo unapopata ile sauti ya roboti.

Kwa hiyo msogeze mtoto karibu na ruta, au mpe waya. Ukuta wa zege unakula waifai. Na kama kuna mtu sebuleni anateremsha filamu wakati huo huo, mwambie asubiri.

Hapa Afrika Kusini tulijifunza jingine kwa nguvu, khasa mwaka 2023, mgao wa umeme ulipokuwa mbaya kuliko wakati wowote. Tangu Machi 2024 umepungua sana, ila umewahi kurudi kwa siku chache. Jacobs ni mtaa wa viwanda na maghala, na umeme ukienda unajua mara moja kwa ukimya wa mashine. Simu ina chaji, lakini ruta imezima. Betri ndogo ya akiba inatosha, kwa sharti ilishe vitu viwili: ruta, na kile kisanduku kidogo ukutani kinachopokea fiber. Wengi wanalisha ruta peke yake, halafu wanashangaa taa zinawaka na intaneti hakuna.

Baharini

Kutoka Durban mpaka Maskati kwa mstari ulionyooka ni zaidi ya kilomita 6,500. Mwanga ndani ya fiber unakwenda karibu kilomita 200,000 kwa sekunde, kwa hiyo safari hiyo ingechukua kama sehemu 33 za elfu ya sekunde. Lakini mtandao haunyooki kama njiwa. Unaweza kupanda mpaka Ulaya kisha ukateremka Ghuba. Kiwango cha Shirika la Kimataifa la Mawasiliano, ITU, kinasema sauti ikichelewa mpaka sehemu 150 kwa upande mmoja mazungumzo mengi yanakwenda vizuri. Ikizidi sana, watu wanaanza kusema kwa pamoja, kila mmoja anamkata mwenzake, na wanagombana bila kosa la yeyote.

Dawa iliyo mikononi mwenu ni kuchagua seva. Gemu nyingi zinakuruhusu kuchagua eneo. Wote wachague moja, na ya Mashariki ya Kati ndiyo inayofaa ikiwa wawili wako Ghuba na mmoja yuko huku. Wa huku atavumilia kuchelewa kidogo.

Na kuna siku hakuna dawa. Tarehe 12 Mei 2024 nyaya za EASSy na Seacom zilikatika karibu na pwani ya Afrika Kusini, na intaneti ikalegea mpaka Tanzania na Kenya. Septemba 2025 nyaya zilikatika Bahari ya Shamu karibu na Jeddah, na watu wa Imarati wakaonja. Siku kama hizo soma habari kabla ya kufungua mipangilio. Kilichokatika kinatengenezwa na meli.

Sheria ya nchi uliyoko

Hapa nawaomba wazazi wa Ghuba mnisikilize. Nchi hazilingani. Saudi Arabia ilifungua simu za intaneti Septemba 2017. Imarati simu za sauti za WhatsApp bado hazipiti, na programu zinazoruhusiwa ziko kwenye orodha ya mamlaka ya mawasiliano. Sauti ya Discord nayo huko ina shida. Sauti ya ndani ya gemu mara nyingi inapita. Kwa hiyo kabla ya kuilaumu simu, jaribu sauti ya gemu yenyewe badala ya Discord. Hali inabadilika pia: mwaka 2025 Roblox ilizima mazungumzo kwa watumiaji wa Imarati na Saudi Arabia, na Qatar na Kuwait zikaifunga yote.

Kijana atakuja na jibu lake: "Baba, tuweke VPN tu." Mjibu kwa utulivu. Sheria ya Imarati ya makosa ya mtandao, namba 34 ya mwaka 2021, inamwadhibu anayeficha anwani yake ya mtandao ili atende kosa, na faini inaanzia dirhamu 500,000 mpaka 2,000,000, na kifungo kinaweza kuwemo. Kampuni zinatumia VPN kwa kazi halali, hilo si tatizo. Lakini kumwachia kijana wa miaka 14 apakue VPN ya bure kwa jina la laini ya baba yake, apite palipozuiwa, si mzaha. Afadhali wahamie gemu ambayo sauti yake inapita kihalali.

Ikishapona, nani yumo?

Sauti ikishafanya kazi, kazi ya mzazi haijesha. Weka sauti iwe ya marafiki tu. Fortnite ina chaguo hilo kwenye udhibiti wa wazazi, na gemu nyingi kubwa zina mfano wake. Mgeni anayemsikia mtoto anajua umri wake, lugha yake, na akisikiliza vya kutosha, mpaka skuli yake. Acha mlango wa chumba wazi. Mara moja moja kaa karibu, sikiliza. Utasikia kelele nyingi, na katikati yake utasikia Kiswahili.

Kwa Jumamosi, utaratibu wetu ni huu. Wanaanza saa tisa alasiri kwa saa ya Durban, ambayo ni saa kumi na moja Maskati na Dubai. Dakika kumi kabla, kila mmoja anajaribu kinasa sauti, anaangalia ruhusa, anachagua seva ya Mashariki ya Kati na njia ya timu. Kisha wanaitana majina mmoja mmoja, na kila anayeitwa anajibu. Asiyejibu, tunaanza kwake, tunafuata waya.