Samaki wa Mlango wa Zambezi

Ndugu wasikilizaji, hasa ninyi askari wa jeshi na wa polisi mlioko kambini, vituoni na mipakani, mazungumzo yetu ya leo yanavuka Mto Ruvuma hadi Msumbiji, mahali Mto Zambezi unapoingia Bahari ya Hindi.

Hapo maji baridi hukutana na maji ya chumvi. Mkizi na kamba hutaga mayai baharini, lakini watoto wao huingia mlangoni mwa mto na kukulia katika mizizi ya mikoko, ambako chakula ni kingi na adui ni wachache. Tangu kale mafuriko ya kila mwaka ndiyo yaliyoleta rutuba na kupunguza chumvi.

Mwaka 1958 mto ulifungwa kwa Bwawa la Kariba, na mwishoni mwa 1974 Bwawa la Cahora Bassa likaanza kujazwa. Tangu hapo mto hutii mitambo ya umeme: maji hupungua majira ya mvua, huongezeka wakati wa kiangazi. Wataalamu wameona kwamba mto usipoleta maji ya kutosha kwa wakati wake, mavuno ya kamba katika pwani ya Sofala hupungua.

Ushauri wao ni kwamba mafuriko ya kiasi yafunguliwe majira ya mvua. Jambo hilo si jepesi. Maji yasiyopita katika mitambo hayatoi umeme. Tena wananchi wamejenga na kulima katika mabonde yaliyokuwa yakifurika, na mafuriko ya 2001 yalionyesha hatari yake. Kwa hiyo, kabla ya maji kufunguliwa, watu lazima waonywe na kuhamishwa.

Mwaka 2004 eneo la Marromeu, katika delta hiyo, liliingizwa katika orodha ya Ramsar ya ardhi oevu. Lakini orodha peke yake haizai samaki.

Mwenzako akinyolewa, wewe tia maji. Desemba 2022 nasi tulianza kujaza Bwawa la Julius Nyerere katika Mto Rufiji, ambao delta yake ina msitu wa mikoko mkubwa kuliko yote nchini. Umeme tunauhitaji, na samaki tunawahitaji. Askari anayezuia mkoko usikatwe ovyo, au anayekamata juya la matundu madogo, analinda chakula cha Taifa kama vile anavyolinda mpaka wake.