Kazi ya kujenga nyumba yenye hakuna mutu atalala ndani

Wandugu, siku nilianza kazi ya mapambo ya filme, baba aliniuliza: «Mwanangu, ulisoma arkitekture miaka yote ile ili upake rangi nyumba za uongo?» Sikukuwa na jibu. Leo niko nayo, angalau nusu.

Mwenye tunaita dekoreta mkuu hashiki rangi kwanza. Anashika senario. Anaisoma ukurasa kwa ukurasa na kuandika: hapa ni wapi, mwaka gani, mchana ao usiku, mwenye nyumba iko na makuta ao hapana. Kisha hesabu: nini tutajenga, nini tutalipia, nini tutaazima. Anakaa na realizatere na mkubwa wa kamera, wanapatana juu ya rangi na mwangaza. Chini yake kuna maseremala, wapaka rangi, wachoraji, na wenye kutafuta sahani na mapazia. Yote hayo kabla kamera haijawaka.

Angalieni Hannah Beachler, Mmarekani wa Ohio. Alisoma kwanza mambo ya mavazi, kisha sinema. Hakuanzia juu. Alipita mu filme za makuta kidogo, kati yazo «Fruitvale Station» ya 2013, na ni pale alifanya kazi na Ryan Coogler. Alitengeneza pia «Moonlight» ya 2016. Coogler alipopewa «Black Panther», alimwita tena. Kwa ile inchi ya kubuni, Wakanda, Beachler alikusanya kitabu cha kurasa karibu 500: mitaa, usafiri, historia ya kila kabila. Mambo mengi ya mule hamukuyaona mu filme, lakini bila yale kila fundi angejenga Wakanda yake. Mwaka 2019 alipata Oscar pamoja na Jay Hart, mwenye kupanga vyombo. Alikuwa mweusi wa kwanza kuipata mu kazi hii.

Mimi sikukuwa na kitabu. Filme yangu ya kwanza, fupi, ilikuwa ya Bukavu ya mwaka 1996. Nilipanga chumba vizuri: redio ya mabetri, taa ya mafuta, kabati ya mama mdogo. Asubuhi ya kufilmer, mkubwa wa kamera akaniita: «Kuya uone.» Nyuma ya dirisha, ku paa la jirani, panneau solaire inangaa sawa kioo! Nilikuwa nimepima ukuta wa ndani peke yake. Tulipoteza saa mbili. Mwishoni nilifunga kamba mu kiwanja na kuanika vikwembe vitatu, vikaificha. Realizatere alivipenda sana, eti ni wazo langu la tangu mwanzo. Nilinyamaza.

Tangu pale, kabla ya kuchora kitu, nasimama kwanza pale kamera itasimama.

Baba aliona ile filme ku simu yangu. Hakusema kitu juu ya vikwembe. Aliuliza tu: «Ile kabati, mama mdogo anajua iko wapi?»